Kifaa cha kielektroniki cha kuitia bata mzinga: uzoefu wangu hapa Kentucky

Kwa anayetaka jibu la haraka: kifaa hiki ni mwalimu mzuri sana ukiwa nyumbani, lakini siku ya kuwinda bata mzinga kiache mezani. Hapa Kentucky sheria hairuhusu kuwinda bata mzinga kwa milio ya kielektroniki ya aina yoyote, na majimbo mengi ya Marekani yana katazo kama hilo. Boksi la kifaa changu lina picha kubwa ya dume aliyetandaza mkia, na nyuma, kwa herufi ndogo mno, limeandikwa usome sheria za eneo lako. Ningependa maandishi hayo yawe mbele, maana mtu mgeni wa mambo haya akiona ile picha ataamini amenunua kitu cha kubebwa moja kwa moja hadi porini.

Hata hivyo nakipendekeza, na nitaeleza kwa nini.

Chenyewe ni kidogo, kama rimoti ya televisheni. Kina spika moja mbele, vitufe vya milio, kitufe cha sauti, na kinatumia betri ndogo za AAA. Nilikipata kwa chini ya dola 50. Ndani yake kuna milio kadhaa ya jike, mlio wa dume, na pia bundi, kunguru na koyote, yule mnyama wa Marekani anayefanana na mbweha. Vitufe ni vya mpira, vinabonyezeka hata ukivaa glavu. Kwenye baridi ya asubuhi betri za kawaida zinalegea haraka, na zikilegea sauti inaanza kukwaruza, kwa hiyo nimehamia betri za lithiamu.

Thamani yake iko kwenye masikio. Sisi tuliokulia mbali na ndege huyu hatuna kumbukumbu ya sauti yake. Mwenzako aliyezaliwa hapa amemsikia bata mzinga wa porini tangu akiwa mtoto nyuma ya shamba la babu yake. Wewe umemjua yule mweupe wa bandani, au yule wa kwenye sinia ya sikukuu ya Shukrani mwezi wa Novemba. Kabla ya kuitia lazima ujue unachoiga. Mlio wa kawaida wa jike una sehemu mbili zilizoungana: unaanza juu, halafu unavunjika na kushuka, na anaurudia mara kadhaa kwa mwendo unaolingana. Mlio wa kuridhika ni mfupi, kama mtetea anayedonoa uani. Kuna kukoroma kwa chini chini anapokula akiwa ametulia. Kuna milio mikali ya harakaharaka akiwa amechangamka au amekasirika, na ile inayotoka kwa fujo anaporuka kutoka mtini alfajiri. Vifaranga waliopotezana na mama yao wakati wa vuli wana mluzi wao mwembamba. Mwanzoni yote nilisikia kama kelele moja. Baada ya kuisikiliza jikoni jioni baada ya jioni, nikawa naweza kutofautisha nikiwa nimefumba macho, na hiyo ndiyo faida ambayo hakuna maelezo ya maandishi yangenipa.

Mazoezi yangu ni haya. Nabonyeza mlio wa jike mara moja, nazima, halafu naujibu kwa sleti. Sleti ninayosema ni kile kibao cha duara cha jiwe kilichofungwa kwenye kikombe cha mbao au plastiki, unakikwaruza kwa kijiti. Unakisugua kwanza kwa msasa mpaka uso upoteze mng'aro, unakishika kwa ncha za vidole ili kiganja kisizibe sauti, halafu unachora viduara vidogo bila kuinua kijiti. Ukisogea karibu na ukingo sauti inapanda, ukirudi katikati inashuka. Ninajirekodi kwa simu na kusikiliza rekodi zote mbili moja baada ya nyingine. Hapo ndipo kifaa kinalipa kila senti, kwa sababu hakichoki na hakibadiliki: ule mlio wa jana ndio wa leo, na tofauti yoyote unayoisikia inatoka mkononi mwako.

Ubovu wake nao unasikika. Majike wanatoka vizuri, lakini dume hatoki. Ile golo-golo-golo ya dume ina uzito wa chini ambao spika ndogo namna hii haiwezi kuubeba. Kinachotoka ni chembamba, kama redio ya zamani. Kukoroma nako kunamezwa na mvumo wa spika ukipunguza sauti. Baya zaidi ni kujirudia. Ukiacha kitufe kimewashwa, mlio uleule unarudi kwa nafasi ileile, bila jike kukohoa, kugeuka, wala kunyamaza. Jike halisi hapangi milio yake hivyo. Huita mara mbili, anyamaze kitambo, akwaruze majani, aite tena akiwa ameangalia upande mwingine.

Na kunyamaza ndiko kwenye uzito wote wa uwindaji huu. Kwa kawaida yao, dume huita kutoka kwenye tawi alfajiri na jike ndiye anayemfuata. Mwindaji anapojifanya jike na kumtaka dume aje, anamwomba afanye kinyume cha maumbile. Dume akisikia jike anayepiga kelele bila kukoma, hitimisho lake ni rahisi: huyu ananitaka, atakuja mwenyewe. Basi anasimama mbali, anatunisha manyoya, anaburuta ncha za mabawa ardhini, anangoja. Ukinyamaza, anaanza kuingiwa na wasiwasi kwamba jike ameondoka, na hapo miguu inaanza kutembea. Nimeketi chini ya mialoni nikashuhudia jambo hilo kwa sleti tu: nilipoita sana dume alijibu kila mara na hakusogea hatua; nilipoweka kijiti chini, akatokea. Sidhani kama mtu anayebonyeza kitufe angejifunza hilo, kwa kuwa kitufe kinakualika kukibonyeza tena.

Nilikotoka, Siaya nchini Kenya, wazee walinasa aluru, yaani kwale, kwa kuwatundika madume ndani ya vikapu juu ya mti mrefu, waite wenzao usiku kucha. Yule aliyekuwa ndani ya kikapu alikuwa ndege kweli, aliita alipotaka na kunyamaza alipotaka. Kila ninapokiwasha kifaa hiki na kusikia mlio uleule kwa nafasi ileile, nawakumbuka wale kwale.

Sasa nirudi kwenye sheria, maana ndiko watu wanakoweza kuumia. Wengine hudhani kutumia mlio wa bundi au kunguru ni sawa, kwa sababu huo hauigi bata mzinga. Wanataka tu dume ashtuke na kujibu ili wajue alipolala. Kuiga bundi kwa mdomo wako ni jambo la kawaida na linafanya kazi vizuri sana. Lakini bundi huyohuyo akitoka kwenye spika ukiwa unawinda bata mzinga, ni sauti ya kielektroniki, na Kentucky imezikataza zote. Pia, kuanzia Machi 1 mpaka ufunguliwe msimu maalumu wa wawindaji vijana, huruhusiwi kuiga mlio wa bata mzinga hata kwa sleti mahali panapowindwa na wanapotarajiwa kuwapo. Kwa hiyo usikibebe kwenda kupeleleza shamba mwezi Machi. Kama umezaliwa Januari 1, 1975 au baadaye, unahitaji pia cheti cha mafunzo ya uwindaji. Ukiishi jimbo lingine, soma kitabu cha sheria cha jimbo hilo, maana bata mzinga si ndege wa kuhamahama na kanuni zake za msimu hupangwa na kila jimbo.

Kuna na usalama. Mlio mzuri wa jike humvuta dume, na humvuta pia mwindaji mwingine mwenye bunduki ya marisau. Keti na mgongo kwenye mti mpana kuliko mabega yako, usivae kitu chekundu, cheupe wala cha buluu, kwa kuwa hizo ndizo rangi za kichwa cha dume, na ukimwona mtu anakuja, mwite kwa sauti ya binadamu.

Mimi naiheshimu sheria hii kwa moyo wote. Katikati ya miaka ya 1950 bata mzinga wa porini waliobaki Kentucky nzima hawakufika elfu moja, baada ya misitu kukatwa na watu kuwinda bila mipaka. Kati ya 1978 na 1997 idara ya wanyamapori ya jimbo iliwahamisha maelfu na kuwaachia kaunti kwa kaunti, wengine wakitoka Missouri kwa mabadilishano ya fisi maji. Leo naamka usiku, naendesha gari kidogo tu kutoka Louisville, na kabla jua halijachomoza nasikia madume wakiitana kutoka kilima hadi kilima. Watu walifanya kazi ngumu ili nisikie hivyo. Kama gharama yake ni kujifunza kukwaruza sleti, nalipa kwa furaha.

Kwa koyote ni habari nyingine: hapa Kentucky milio ya kielektroniki inakubaliwa kwao. Lakini spika hii haifiki mbali, na kifaa kikiwa mkononi mwako koyote anakuja akikutazama wewe. Kwa kazi hiyo nunua kile kikubwa kinachowekwa mbali na kuendeshwa kwa rimoti.

Kama tayari unaita vizuri kwa sleti, au kwa vifaa vingine vya mkono na mdomo kama kisanduku na kiwambo, hiki hakitakuongezea kitu. Pesa yako inunulie buti. Kama ndiyo kwanza unaanza na huna mzee wa kukaa naye barazani akakufundisha, kinunue mwezi Desemba, ufanye mazoezi msimu wote wa baridi. Toleo lijalo ningeomba waweke kitufe cha kucheza mlio mara moja na kusimama chenyewe, bila mimi kukimbilia kukizima. Nyota nne kwa mazoezi ya nyumbani.