Barbara Steele ndani ya Black Sunday: tunaipima diski ya Arrow

Habari zenu, watazamaji. Mezani leo ni Blu-ray ya Black Sunday, filamu ya kutisha ya mwongozaji Mwitaliano Mario Bava ya 1960, toleo la Arrow Video la Uingereza lililotoka 2013. Swali langu ni moja tu: inamtendea haki mwigizaji Barbara Steele?

Steele ni Mwingereza wa Birkenhead, ila jina alilipatia Italia. Humu anacheza watu wawili: Asa, mchawi aliyepigiliwa usoni kinyago chenye misumari kwa ndani, na Katia, binti wa ukoo huohuo karne mbili baadaye. Mwangalieni Asa kaburini. Amelala, mwili hausogei, uso umejaa matundu ya misumari. Kilichobaki cha kuigizia ni macho na pumzi, na vinatosha kabisa! Halafu Katia anatokea kwenye magofu na mbwa wake wawili. Uso ni uleule, lakini mkali kageuka mnyonge.

Sauti mnayoisikia si yake. Italia ya wakati ule, sauti ziliingizwa studio baada ya kupiga picha, na kwa Kiingereza alisemewa na mtu mwingine. Kwa hiyo msimpime kwa maneno.

Diski ina matoleo mawili. Anzeni na The Mask of Satan, lile la Ulaya kwa Kiingereza. Lile la Marekani lilikatwa dakika tatu hivi, likapewa sauti nyingine, na muziki wa Roberto Nicolosi ukaondolewa ukawekwa wa Les Baxter, ambao kwangu unapiga kelele pale ambapo uso wa Steele unajitosheleza.

Bava mwenyewe ndiye aliyesimamia upigaji picha, na weusi wa picha ndio utamu wake. Runinga ikiwa kwenye mpangilio wa rangi kali, vivuli vinageuka kijivu na matundu ya usoni yanaonekana kama rangi ya kupaka. Wekeni mpangilio wa sinema, zimeni kulainisha mwendo, zimeni na taa.

Mnaonunua mkiwa Afrika Mashariki: Blu-ray hii ni ya kanda B, yaani eneo la dunia ambalo diski imeruhusiwa kuchezwa, na Afrika imo humo, basi itacheza. DVD za Uingereza ni kanda ya 2, sisi ni ya 5. Deki iliyofungwa kwa kanda yake tu itazikataa. Blu-ray za kanda A za Marekani vilevile.

Mkimaliza, tafuteni filamu zake nyingine, Danza macabra ya 1964, kisha Amanti d'oltretomba ya 1965. Katika hiyo ya pili tena anacheza wawili.