Magatama na bangili za mawe: mapambo mawili ya kaburini

Katika vilima vya makaburi vya zama za Kofun nchini Japani, hasa karne ya 4, wakubwa walizikwa na mapambo ya mawe ya aina nyingi. Mimi huvutiwa na mawili.

Magatama ni ushanga uliopinda kama alama ya mkato, wenye tundu upande wa kichwa. Ulivaliwa tangu zama za Jomon, zilizotangulia Kofun kwa muda mrefu, na ulio bora ulichongwa kwa jedi ya kijani, jiwe la thamani, kutoka Itoigawa, Japani. Jedi ni ngumu ajabu. Kuitoboa kwataka subira.

Bangili ziliiga zile za kombe kutoka bahari ya kusini, ila kwa jiwe la kijani lililo laini zaidi. Katika kaburi la Shimanoyama, Nara, zaidi ya 100 zilipangwa juu ya udongo uliofunika jeneza. Si mapambo ya mkononi tena hayo!

Ndiyo maana naona bangili hutueleza zaidi kuhusu mazishi yenyewe. Magatama yalikuwa pia ya walio hai, na hadi leo yamo kati ya hazina tatu za kifalme.