RetroArch Netplay: Contra na vifaru na washkaji walio mbali, na bando linabaki

Wakuu, RetroArch, ile programu ya kuchezea gemu za konsoli za zamani kwenye simu au kompyuta, ni ya bure, haina tangazo hata moja, na menyu yake ni mbovu kuliko ya programu yoyote niliyowahi kuweka kwenye simu. Nasema hivyo na bado wikiendi usiku naifungua, maana tupo watu wanne, mimi Dar, wawili Mombasa na binamu yangu mmoja Muscat, tunapiga gemu za Family (ile Famicom/NES ya Nintendo) na Super Nintendo pamoja kila mtu akiwa kwake. Hapa siongelei RetroArch nzima, hatutamaliza leo, naongelea kile kipengele chake cha Netplay tu, cha kucheza pamoja kwa mtandao, na kama kinamfaa mtu anayeishi kwa kuunga bando.

Kinamfaa, tena kuliko njia nyingine nilizojaribu, na sababu kubwa ni kwamba Netplay hairushi picha. Kuna programu kama Parsec ambazo gemu linachezwa kwenye kompyuta ya mtu mmoja halafu nyinyi wengine mnarushiwa video na mnarudisha vitufe. Ni rahisi kuanza na inakubali gemu lolote, ila video ya Mbps 10 ikikaa saa nzima ni kama GB 4.5, sasa hebu niambie nani hapa ana bando la kuchezea hivyo. RetroArch kila mmoja anaendesha gemu lake mwenyewe kwenye simu yake, kinachosafiri hewani ni taarifa ya nani kabonyeza nini basi. Unaongelea makumi ya MB kwa saa. Tunafungua na simu ya WhatsApp pembeni ya kupigia kelele na bado bando la usiku linabaki mpaka asubuhi.

Jinsi inavyofanya kazi inafaa uijue kidogo, itakusaidia kujua kwa nini saa nyingine inazingua. Gemu hizi nyingi zinaenda fremu (yaani picha) 60 kwa sekunde, kwa hiyo fremu moja ni kama milisekunde 16.7. Mkiwa na pingi (muda wa taarifa kwenda na kurudi, kwa milisekunde) ya 100 kati yenu ina maana kitufe cha mwenzako kinakufikia kikiwa kimechelewa milisekunde 50 hivi, yaani fremu tatu. Sasa gemu halikai kusubiri, linakisia kwamba mwenzako bado ameshikilia kilekile alichokuwa ameshikilia na linaendelea, halafu kitufe chenyewe kikifika na kumbe alibonyeza kingine, linarudi nyuma zile fremu tatu, linapiga hesabu upya na kukuleta pale ulipokuwa, yote hayo hujapepesa macho. Ndiyo maana mtu wako mwenyewe hachelewi, unabonyeza kuruka anaruka. Anayeonekana kama anahama ghafla ni mwenzako.

Mtandao ukiwa wa kupanda na kushuka hayo marudio yanakuwa mengi mpaka unaona gemu linatetemeka. Hapo ingia kwenye mipangilio ya Netplay utafute Input Latency Frames, weka 2 au 3. Kila mtu anachelewa kidogo lakini wote mnachelewa sawa na picha inatulia. Sisi bila hiyo tusingecheza na Muscat. Na kama una waya wa kuchomeka kwenye rauta chomeka, maana pingi ya 120 iliyotulia inachezeka vizuri kuliko pingi ya 60 inayorukaruka, hilo nalisema na nitalisimamia.

Haya, tuje kwenye maumivu, maana yapo na yote yanakaa kabla hujaanza kucheza. RetroArch yenyewe haiigi konsoli yoyote, inabeba kora, ambazo ndizo injini zinazoiga mashine moja moja. Ya Super Nintendo tunatumia Snes9x, ya Family ni Nestopia au FCEUmm, ya Sega Mega Drive ni Genesis Plus GX, za mashine za kwenye kumbi ni FinalBurn Neo. Ili mshikane inabidi wote muwe na kora ileile, toleo lilelile, na faili la gemu ambalo ni lilelile kabisa, siyo jina tu, hata baiti isipishane. Mmoja akiwa na apdeti ya wiki hii na mwingine ya mwaka jana, ama mnagoma kuunganika ama mnaunganika halafu kila mtu anaona gemu tofauti, wewe uko kwa bosi mwenzako anakwambia mbona umesimama ukutani.

Na kwenye simu kuna mtego mwingine, RetroArch ya Play Store na ile APK (faili la kuiweka mwenyewe) ya kwenye tovuti yao haziendi sambamba kwenye kora. Ushauri wangu wote wenye Android mchukue APK ya kwenye tovuti rasmi, halafu siku moja saa moja kila mtu aingie Online Updater ashushe kora upya. Wa iPhone nao siku hizi hawana kisingizio, Apple walilegeza kamba Aprili 2024 na RetroArch ikaingia App Store Mei mwaka huohuo, binamu yangu ndiko alikoitoa.

Kwenye faili la gemu watu ndiko wanakopotezana zaidi. Chukua Contra. Ya Marekani ya 1988 ndiyo wengi tuliikuta ndani ya zile katriji za Kichina zilizoandikwa gemu 9999 kumbe ni gemu ishirini zimerudiwarudiwa. Ya Japani ina vipande vya hadithi katikati ambavyo ya Marekani haina. Ya Ulaya inaitwa Probotector na wale makomandoo wamegeuzwa kuwa maroboti! Zote ni Contra, hakuna hata mbili zitakazoungana. Sheria ya haraka hapo: emuleta (programu ya kuiga konsoli) yenyewe haina kosa, mahakama ya rufaa Marekani ililiweka sawa mwaka 2000 kwenye kesi ya Sony na Connectix, waliotengeneza emuleta ya PlayStation, ila gemu lina mwenyewe na RetroArch haikupi gemu, ukilipata wapi ni juu yako.

Mkishalingana mmoja anakuwa mwenyeji, anafungua gemu, anaingia Netplay anaanzisha, wengine wanamwona kwenye orodha wanagusa jina lake wanaingia. Weka nywila, la sivyo anaingia mtu usiyemjua katikati ya gemu na kuchukua nafasi ya shemeji yako aliyeenda kuangalia jiko.

Ila kwa wa huku kuna ukuta. Intaneti ya simu karibu yote inakuficha nyuma ya anwani moja mnayogawana wateja kibao, kwa hiyo huwezi kufungua poti ya 55435, ule mlango ambao Netplay inapokelea wenzako, hata ukipiga magoti, na hata baadhi ya wifi za nyumbani ni hivyohivyo. Suluhisho la ndani ya RetroArch ni Relay Server, nyote mnapitia seva ya katikati. Inafanya kazi, tatizo Afrika hakuna hata moja, kwenye orodha kuna New York, Madrid, São Paulo na Singapore, kwa hiyo kitufe cha mtu wa Mombasa kinaenda Hispania kwanza ndiyo kije Dar. Kwa gemu la kushirikiana kinavumilika, kwa gemu la kupigana ngumi sahau. Sisi tuliachana na relay tukahamia ZeroTier, inatengeneza kama mtandao wa nyumba moja kati ya mashine zenu, unapewa anwani, mwenzako anaiandika kwenye RetroArch mnaunganika moja kwa moja. Dar na Mombasa pingi ilishuka sana tu. Kuiweka ni kazi ya nusu saa na mtu mmoja mwenye subira anayewasomea wenzake kwenye simu.

Sasa raha yenyewe. Namba moja kwetu ni ile ya vifaru, Battle City ya Namco, 1985, ramani 35, nyinyi wawili mnalinda yule tai wa chini aliyezungushiwa matofali. Kwenye mtandao haina shida yoyote kwa sababu vifaru ni vya polepole na gemu lenyewe ni jepesi mno. Kinachonoga ni kwamba risasi yako ikimpata mwenzako haimuui, inamgandisha kwa muda, na mtandao ukiwa na kauchelewaji kidogo basi kila mtu anadai hakukusudia. Utasikia kwenye simu "mbona wanipiga mimi, adui yuko kule!" halafu tai anapigwa, halafu kimya, halafu lawama.

Contra nayo safi mpaka ufike kwenye maporomoko ya maji, ile ya kupanda juu. Pale skrini inamfuata anayetangulia na aliyebaki chini anakufa, kwa hiyo mkiwa na mtandao mbaya na mmoja wenu ana haraka mtagombana. Zanzibari wangu wa Muscat kila siku "yakhe n'ngoje" na hakuna anayemngoja. Tumieni zile namba za siri, vile vitufe vya kubonyeza mwanzoni vya kupata maisha 30, msione aibu.

Streets of Rage 2 ya Sega, 1992, kwangu ndiyo gemu bora ya kumwonjesha mtu asiyeamini. Mnapigana upande mmoja, hata ukichelewa fremu mbili tatu huoni, na muziki wake ule unatosha kumfanya mtu akae. International Superstar Soccer Deluxe ya Super Nintendo nayo inakwenda, ila mpira una kubishana, goli likiingia pingi ikiwa mbaya aliyefungwa hakubali.

Kitu ambacho watu hawakitumii, mwenyeji anaweza kuhifadhi gemu mahali mlipofika na kesho akalipakia, na wote mnapelekwa palepale. Kwa sehemu ambazo umeme unakatika bila taarifa hii peke yake inastahili nyota. Simu ikiita katikati ya mchezo ndiyo balaa, programu inaenda nyuma na wenzako wanabaki wanakusubiri, weka simu isisumbuliwe au tumia kompyuta.

Ikifika PlayStation ya kwanza napunguza sifa. Ule mtindo wa kurudi nyuma unataka mashine ihifadhi hali ya gemu zima kila mara, na ya PS1 ni kubwa kuliko ya Family kwa mbali, kwa hiyo simu ya bei ya kati inaanza kupumulia juu juu. Kwenye kompyuta yenye nguvu Tekken 3 unaipata, kwenye simu mimi siipendekezi. Nintendo 64 usijaribu. Na wale wa kuuliza mpira wa PSP, huo siyo wa Netplay, fungua PPSSPP yenyewe, emuleta ya PSP, ina mfumo wake wa kuunganisha watu kama vile PSP mbili zilizokaa karibu, tofauti kabisa na huu.

Kama nyinyi ni watu wa Street Fighter na King of Fighters tu, nendeni Fightcade, msijitese huku. Inatumia GGPO, ile kazi ya Tony Cannon ya tangu 2006 iliyowafundisha wengine huu mtindo wa kukisia na kurudi nyuma, na inatumika hasa kwa gemu za kupigana, unaona pingi ya mtu kabla hujakubali kucheza naye. Ni ya kompyuta, ndiyo kikwazo chake. Nintendo nao wana huduma yao ya Switch Online yenye gemu za zamani na kucheza kwa mtandao, dola 19.99 kwa mwaka kwa mtu mmoja, lakini lazima kwanza uwe na hiyo Switch, na uwe unataka gemu walizochagua wao.

Kwa hiyo nyota nne kati ya tano kwa Family, Sega na Super Nintendo, nyota mbili kwa PS1, na ile nyota ya tano nimeizuia kwa ajili ya menyu, mtu mpya anaingia kule anatoka na kichwa kinauma.

Moja la mwisho kwa mtakaokuwa wanne kama sisi. Super Bomberman ya Super Nintendo haifungui mchezaji wa tatu na wa nne mpaka mwenyeji aingie kwenye Controls za Snes9x, poti ya pili ya pedi aibadilishe kuwa Multitap (kile kifaa cha kuchomeka pedi zaidi), na afanye hivyo kabla hajawaruhusu wengine kuingia. Msipofanya hivyo wawili wenu mtakaa mnaangalia tu na mtadhani ni mtandao.