Kichwa cha treni cha mvuke, shubiri mbili, kinachokaa mezani

Nimekaa nacho miezi miwili. Nilikinunua kwa muuza mitumba hapa Moshi, shilingi 280,000, na sijutii hata senti.

Unajaza maji ya mvua, maana ya bomba huacha ukoko mweupe, unatia spiriti, unawasha. Dakika saba kimya. Kisha vali inaanza kufoka, unasukuma magurudumu kwa kidole ili maji yatoke kwenye silinda, na ghafla pistoni zinashika zenyewe. Harufu ile ya mafuta ya moto! Baba mkwe, aliyekuwa mchochea moto njia ya Tanga, alinyamaza kwanza, halafu akaomba kiti.

Kasoro: mpini wa vali ni shaba tupu, unaunguza. Nimeuvisha kijiti cha mpera.

Ukitaka kikubwa chenyewe, nenda Makumbusho ya Reli, Nairobi. Ipo injini ya mvuke namba 5918, iliyopewa jina la mlima wetu Gelai, tani zaidi ya 250. Nilimpeleka mwanangu mdogo. Gurudumu lilimpita kimo. Aliligusa kwa viganja vyote viwili, hakutaka kuondoka.