Landrova 109 Series III: gari lililotupeleka kwa bibi, Urambo

Anayetaka kununua Landrova 109 Series III ya zamani aikarabati, asikie na neno la aliyekulia kwenye benchi lake la nyuma. Baba alikuwa nayo Tabora, na likizo ya Desemba ikifika tulikuwa tunaenda nayo kwa bibi, mbele ya Urambo.

Kiyoyozi haina, na usukani wake unataka mikono yenye nguvu. Hewa inaingia kupitia vifuniko viwili chini ya kioo cha mbele, unavifungua kwa mkono, na vina wavu. Wavu ule tuliuthamini sana. Mapori ya miombo yana mbung'o, na mbung'o hufuata kitu kinachotembea, hasa chenye rangi ya buluu au nyeusi. Landrova yetu ilikuwa ya buluu! Baba akisema tu "vioo, wanangu," sote tunavisukuma, maana havipandi wala kushuka, vinateleza pembeni. Hapo joto linakolea, mama anatupepea kwa kanga, na mbung'o aliyewahi kuingia anasakwa kwa kandambili.

Lakini mabenchi ya nyuma yanatazamana, na kwa hilo sijaona gari la familia linaloishinda. Siku hizi watoto wanatazama visogo vya viti. Sisi tulitazamana usoni, magoti yanagusana, sufuria ya matobolwa (viazi vitamu vilivyochemshwa na kukaushwa) na karanga iko katikati. Shangazi akisema "kitendawili!" tunaitikia "tega!" kwa kelele za kuushinda muungurumo wa injini, na anayebabaika kujibu anaonekana na wote. Ndugu zangu nimewafahamu vizuri mle ndani kuliko hata nyumbani.

Kwa upande wa ufundi: Series III zilitengenezwa kuanzia 1971 hadi 1985. Yetu ilikuwa na injini ya dizeli ya lita 2.25, haina haraka kabisa. Mvua zikinyesha na tope jeusi la mbugani likishika matairi, baba anabonyeza kirungu cha njano, na matairi ya mbele nayo yanaanza kuvuta. Pakiwa pabaya zaidi anashika chekundu, cha gia nzito. Springi ni ngumu, na mgongo wa abiria wa nyuma utalijua kila shimo.

Kabla hujalipa, ingia uvunguni na nyundo. Bodi ni ya aluminiamu, inaweza kung'aa huku chesisi, yaani fremu ya chuma iliyo chini yake, imeliwa na kutu. Gonga pote, hasa nyuma.

Njia ya Urambo sasa ni lami na magari yanakimbia. Mabenchi yale hayana mikanda, kwa hiyo wanangu siwapakii nyuma kwenye lami, hata wakilia. Ila kwa shamba, mizinga ya nyuki na njia za udongo, nunua. Na ukipata ya dizeli yenye chesisi nzima, usiiache.