Walisafisha kanda za Vitimbi mpaka karibu wanifutie Ojwang'

Naanza na nyota ndio mwenye haraka asisumbuke: tatu kwa tano. Ilikua iwe mbili lakini kijana wa pale alikubali makosa yake bila kunizungusha, na hapa Nairobi hiyo peke yake ina bei yake.

Kazi yenyewe ni kuhamisha kanda za deki, zile kubwa nyeusi za VHS, ziingie kwa flashi. Kijiduka kiko juu kwa jengo moja upande wa River Road, unapanda ngazi unapita mafundi wa simu na mama wa nywele halafu unasikia tu deki ikilia krrrr. Jina siandiki juu mwishowe tulielewana.

Kanda ni za mzee wangu. Alinunua deki 1994, akawa anarekodi Vitimbi, ile komedi ya tivi, kila akipata nafasi, na nyumbani hiyo ilikua kazi ya heshima, yaani ukipita mbele ya tivi wakati amebonyeza rekodi unakula moja ya kichwa. Mwezi jana tukihamisha vitu mtaa wa Umoja nikapata katoni chini ya kitanda, kanda sita, kila moja masaa matatu, imeandikwa kwa biro VITIMBI USIFUTE, na chini ya moja mwandiko wa kaka yangu: mieleka. (Hiyo ya mieleka tutaizungumzia kama familia.)

Bei 400 kwa kanda, sita ni 2,400, unalipa nusu kwanza, flashi unaleta yako. Mimi nikaona ni sawa juu kanda haifanyi kukopi kama faili, lazima icheze yote mwanzo mpaka mwisho na kompyuta inarekodi ikiangalia, kwa hivyo hizo ni masaa kumi na nane ya deki kukimbia. Akaniambia rudi Ijumaa. Ijumaa nikarudi, flashi iko tayari! Hapo ndio ningeshtuka lakini mimi nani, nikafurahi nikapanda matatu.

Sasa kwa wenye mmezaliwa juzi wacha niwaambie ni nini nilikua nimebeba kwa hiyo flashi. Mzee Ojwang', Ojwang' Hatari, jina lake halisi Benson Wanjau, alikua kwa Vitimbi na Vioja Mahakamani na Vituko zaidi ya miaka thelathini, kuanzia siku za VoK, stesheni ya serikali, kabla haijaitwa KBC 1989. KTN, stesheni ya pili, ilikuja 1990, kabla ya hapo hapakua na kubadilisha stesheni, ilikua hiyo au ulale. Kwa hivyo nchi nzima ilimjua. Mke wake kwa tivi alikua Mama Kayai, jina lake Mary Khavere, na hao wawili waligombana vizuri sana mpaka watu wengi walijua ni bwana na bibi kabisa na wanaenda nyumbani pamoja jioni. Hawakua.

Na ile kubwa zaidi: Ojwang' ni Mjaluo wa nguvu, hatari, lakini Wanjau alikua Mkikuyu. Baba yangu ni Mjaluo wa Homa Bay na mpaka leo hiyo haijamwingia. Siku alikufa, 12 Julai 2015, ilikua Jumapili, habari ikatoka hospitali ya Kenyatta kwamba Benson Wanjau ametuacha, mzee akauliza huyo ni nani, tukamwambia ndiye Ojwang', akasema hapana, mmechanganya watu. Alingoja picha.

Juu mtu wa kuigiza lafudhi ya wengine kawaida huwa anawachekelea, unasikia ameokota maneno mawili anayatupa kila mahali kama chumvi. Ojwang' hakua hivyo. Aliongea Kiswahili cha mzee Mjaluo ambaye ameishi Eastlands miaka mingi na hana haja ya kukirekebisha kwa sababu yako. Kijaluo hakina ile sauti ya sh, kwa hivyo shida inatoka sida, shilingi inatoka silingi, na yeye hiyo s aliipitisha kwa meno taratibu bila kukuangalia usoni kuona kama umecheka. Baba yangu anaongea hivyo hivyo. Nyumbani kwetu hakuna mtu alisikia lafudhi pale, tulisikia mzee ameudhika.

Haya. Jumamosi nimechomeka flashi kwa tivi, mzee ameketi, chai iko, jirani ameitwa. Picha safi kuliko nilivyotegemea. Zile mistari za chini zimekatwa, rangi imerudi. Dakika tano, kumi. Hakuna mtu anacheka.

Nikafikiria labda ndio uzee, labda sisi tumeharibiwa na vichekesho vya simu vya sekunde thelathini. Jirani akasema kwa upole kwamba zamani watu walikua wanacheka rahisi. Mzee hakusema kitu, alikua anaangalia tu kama mtu ameandaliwa samaki asiyenukia. Halafu akaniambia, "Mama, huyu anajibu haraka. Ojwang' hajibu haraka."

Ikabidi nirudi nyuma niangalie tena na kweli. Si mnajua vile ilikuanga: Mama Kayai akimuuliza kitu, tuseme pesa imeenda wapi, Ojwang' hajibu. Kwanza anamwangalia. Halafu anaangalia pembeni kama swali limeulizwa mtu mwingine. Macho yanakua makubwa, mdomo unafunguka unafungwa tena, na wewe kwa kiti tayari umeanza kucheka juu unajua uongo unapikwa hapo ndani na haujaiva. Likitoka neno ni moja, na saa hiyo umeshamaliza kucheka unaanza upya. Sasa kwa flashi yangu Mama Kayai anauliza, Ojwang' anajibu paap, kama msoma habari.

Na ile s yake haikua. Shida ilikua inatoka kama imesemwa kwa blanketi.

Jumatatu saa tatu niko River Road na hasira zangu na kanda moja kwa begi. Kijana (nitamwita fundi, ni mtu wa ishirini na kitu hivi, mpole) akaniambia bila kuficha: madam, hizi kanda zilikua na kelele ya ssss nyuma yote, nikaweka programu ya kusafisha, halafu faili zilikua kubwa hazitoshi flashi yako, nikaiambia programu itoe sehemu zote hazina sauti. Yaani mahali watu wamenyamaza, kata. Alikua ananisaidia! Alipunguza karibu saa nzima kwa kanda tatu akaona amefanya kazi safi.

Nikamwambia aweke kanda kwa deki tuangalie pamoja. Akaweka, akasimama amekunja mikono kama mtu anangoja kutetea biashara. Tukafika mahali pale nilikua nimeandika dakika. Mama Kayai anauliza. Kimya. Mimi nahesabu kwa vidole, moja, mbili, tatu, Ojwang' anaangalia pembeni, nne, tano, fundi ameanza kutabasamu, sita, neno likatoka na huyo kijana akainama kabisa akashika meza. Mama wa nywele wa ng'ambo akaja kuuliza kuna nini. Tukarudisha tena akaangalia na yeye. Akatuambia Ojwang' alikufa na deni lake juu alimchekesha mpaka akaunguza sufuria 1988, sijui hiyo deni analipwa na nani.

Fundi hakua anamjua hata, amezaliwa na dishi tayari iko juu ya paa. Akaniuliza huyu mzee aliishia wapi. Nikamwambia ile nakumbuka: alistaafu, na macho ndio yalimwangusha, hayo hayo alikua anafanyia kazi, ikafika mahali Wakenya wakamchangia pesa ya matibabu. Mtu amekaa kwa tivi ya kila nyumba miaka yote hiyo. Fundi akanyamaza halafu akasema bei ya kurudia ni bure.

Kwa hivyo kama unaenda pale, na nasema uende, maana wengine niliuliza mjini hata deki inayofanya kazi hawana, sikiza. Mwambie mapema asikate kimya. Mwambie aache ile kelele ya nyuma, ssss ya kanda na s ya mtu zinakaa chumba kimoja na ukifukuza moja zote zinatoka. Beba flashi kubwa, mimi nilienda na ya 16 nikaongeza ya 64. Usikubali ya kesho kutwa, masaa ni masaa. Na uchukue risiti, wanaandika kwa kikaratasi cha nyuma ya daftari lakini mhuri wanao.

Nyota moja nimekata kwa kufanya bila kuuliza, na ingine kwa kiti: kuna kiti kimoja na kina mtu.

Marudio tuliangalia Jumapili. Picha ni chafu kidogo kuliko ya kwanza, mistari imerudi kwa chini, na kuna mahali sauti inavuta kama mtu amelewa. Jirani aliyesema zamani watu walikua wanacheka rahisi alilazimika kutoka nje. Mzee yeye huwa hacheki na sauti, anatikisika mabega tu, na alitikisika mpaka chai ikamwagika kwa sahani. Kwa ile ya Vioja, hapo Ojwang' ni mshtakiwa na anaeleza korti vile hana hatia huku amejifunga mwenyewe kila sentensi, akaniambia nirudishe mara nne. Nikajaribu tena, "Baba, si unajua huyu ni Wanjau?" Akasema nyamaza kwanza, mtu anaongea.

Kanda ya sita bado iko kwao. Imeshika ukungu, ile nyeupe ya unga, na fundi anasema lazima aifungue aipanguse kwa mkono ndio isichafue deki. Imebaki hiyo na ya mieleka. Nampigia Jumatano.