The Marriage of Anansewa, kopi ya mtumba: kama una kikundi cha maigizo kitafute hiki kitabu

Nimekaa na hiki kitabu miezi minne ndo naandika sasa, sikutaka kuandika kabla hatujakiigiza maana tamthilia ukiisoma kitandani tu hujaisoma. Nilikipata kwa muuza vitabu vya mtumba Dar, elfu 25, akanitumia kwa basi mpaka Tanga. Jalada limebandikwa selotepu na aliniambia kipo vizuri kabisa, hilo lilinikera, ila kurasa zote zimo. Ni lile toleo lenye michezo miwili, ndani kuna na Edufa.

Aliyeandika ni mama mmoja wa Ghana anaitwa Efua Sutherland, na mi nasema huwezi kukielewa hiki kitabu bila kumjua huyu mama kwanza, kwa hiyo mnivumilie nianze na yeye.

Kazaliwa Cape Coast 1924, mama yake akafariki yeye akiwa bado mchanga kabisa, akalelewa na bibi. Akawa mwalimu, akaenda kusoma Uingereza, akarudi nyumbani 1951. Sasa hapo angeweza kukaa na ualimu wake akatulia, lakini Ghana inapata uhuru 1957 na yeye anaangalia anaona watoto wanasoma hadithi za watu wengine na maigizo ni yale ya kukariri ya kizungu. 1958 akaanzisha kikundi, Ghana Experimental Theatre, halafu akahangaika kutafuta hela mpaka 1961 ikafunguliwa Ghana Drama Studio pale Accra, Nkrumah mwenyewe akaja kufungua. Na hakujenga ukumbi wa viti vya kushuka na pazia jekundu, alijenga ua! Yaani ua kama wa nyumbani, juu wazi, maana watu wake walizoea kusikiliza hadithi uani.

Halafu likaja lile lililonigusa zaidi. Kuna kijiji kinaitwa Ekumfi Atwia, kijiji cha wasimulizi hasa, na chifu wao alikuwa mwanamke. Efua akaenda kukaa nao, kusikiliza, kurekodi, na miaka hiyo ya 60 wanakijiji wakajenga kwa mikono yao nyumba inaitwa Kodzidan, maana yake nyumba ya hadithi. Mama msomi wa chuo kikuu anaenda kijijini kujifunza, siyo kufundisha! Sisi huku tunamjua Mama Penina Muhando na wenzake wa Chuo Kikuu cha Dar walivyopeleka sanaa ya maigizo kijijini Malya, Mwanza, miaka ya 80, basi mwenye kuijua kazi ile atanielewa haraka.

Na kitu ambacho sikujua kabisa, mumewe, Bill Sutherland, Mmarekani mweusi aliyewahi kufungwa kwao kwa kukataa kwenda vitani, baadaye alihamia Dar es Salaam akaishi huko miaka mingi akisaidia harakati za ukombozi. Kwa hiyo familia hii ina mguu mmoja kwetu.

Haya turudi kwenye kitabu. Ananse ni buibui wa hadithi za kule, ndugu yake Sungura wetu kwa ujanja. Ana binti, Anansewa, anasomea kuchapa kwa taipureta. Baba hana kitu, paa linavuja, ada ya binti inadaiwa, basi anamwambia binti mwenyewe achape barua kwenda kwa machifu wanne, barua tamu tamu, kila chifu anajiona ye ndo mkwe mtarajiwa na anaanza kutuma hela. Paa linatengenezwa, ada inalipwa. Tatizo wote wanne wanatangaza kuleta posa kwa wakati mmoja. Sasa Ananse anafanyaje, anamwambia binti ajifanye kafa! Wajumbe wanakuja msibani mmoja mmoja na msibani ndo unajua mtu, kuna chifu kumbe alikuwa anataka mtu wa kumsaidia biashara tu. Mwisho sitoi, kisomeni.

Ila mi kilichonifanya nitoe nyota tano siyo kisa, ni dibaji yake. Pale anaeleza kitu kinaitwa mboguo, kwamba kule msimulizi akiwa katikati ya hadithi msikilizaji yeyote anaruhusiwa kumkatisha kwa wimbo, akaimba, wote wakaitikia, halafu hadithi inaendelea. Na ameuandika mchezo mzima hivyo, kuna msimulizi, kuna waimbaji wanakaa hapo hapo mbele za watu, kuna mtu wa vifaa anakaa steji anampa kila mtu anachohitaji bila kujificha. Huhitaji pazia, huhitaji taa, kwa kikundi kama chetu hii ni habari njema sana jamani.

Kiingereza chake siyo kigumu lakini waigizaji wangu wengi ni form four, kwa hiyo nilikaa usiku naweka kila kitu Kiswahili, wiki sita. Machifu nikawaacha na majina yao. Mwanzo tukaweka paukwa pakawa, hapo watu wote uwanjani wakaitikia kwa nguvu na nikajua tumeshawapata. Pale Anansewa amelazwa "maiti" tulipanga waimbaji wetu waimbe, wakachelewa, pakawa kimya, na kabla sijawapa ishara bibi mmoja kwenye mikeka ya mbele akaanzisha wimbo wa msiba wa Kidigo, wanawake wakampokea, wakaimba kama dakika tano hivi na binti amelala pale hajatikisika. Hatukumfundisha mtu yeyote mboguo. Nililia, siwafichi.

Edufa sijaiigiza, ni nzito, tajiri anamfanya mkewe afe badala yake, imetokana na hadithi ya Wayunani. Nzuri kusoma ila kwa uwanja wa wazi mi naona hapana.

Kinachoniuma ni kwamba ile Drama Studio ya kwanza ilivunjwa ili pajengwe National Theatre, wakajenga nyingine inayofanana nayo kule Legon, Chuo Kikuu cha Ghana. Efua kafariki Januari 1996.

Mkitafuta hakikisheni ni toleo lenye dibaji, muulizeni muuzaji awapigie picha kurasa za mwanzo kabla hamjatuma hela. Skripti yangu ya Kiswahili sigawi maana haki si zangu, ila ukiwa Tanga njoo mazoezini Jumamosi uone tunavyofanya, leta na bibi yako.